Kiini Kilikuwa Cheupe

Mama mkwe wangu alinipigia simu nikiwa bado sokoni Owino, nafunga kibanda changu cha mitumba, akaniagiza yai moja.

"Moja tu, mama?" nikamtania. "Siku ya mgeni unapika yai moja?"

"Hii si ya kula," akasema. "Ya kienyeji. Ya kuku anatembea na jogoo. Jalia, unasikia? Usiniletee ile ya kizungu ya trei."

Nilisikia. Hilo ndilo linalonitesa mpaka leo. Nilisikia vizuri kabisa.

Siku ile sikuwa na akili ya biashara. Asubuhi simu ililia, namba nisiyoijua, na sauti ya mume wangu ikasema, "Jalia, ni mimi. Jioni nafika nyumbani." Nikakaa chini juu ya robota la masweta mbele ya wateja. Mume wangu Tarcisio Oyet alikuwa askari, na tulikuwa tumemzika miaka miwili nyuma. Jeneza lake lilitoka vitani, nje ya nchi, likiwa limepigwa misumari, na waliolileta walituambia tusilifungue. Hatukulifungua. Tulilipeleka kwao Kitgum tukalia mpaka macho yakakauka. Mimi ni Mnubi, Mwislamu, naye alikuwa Mkatoliki, lakini nilimkalia eda miezi minne na siku kumi. Shangazi zangu wakasema wanayosema. Nilimpenda, na sikuona haya.

Mama yake, Adoch, ambaye tangu mazishi aliishi nami mtaani Kisugu, Kampala, hakuliamini jeneza lile hata siku moja. Macho yake yalikuwa yameingia ukungu, anaona vivuli tu, lakini chini ya godoro lake alificha kijiti cha mti wa opobo alichotoka nacho Kitgum. Kwao Waacholi, mtu aliyetoka vitani, tena aliyekwisha kuliliwa, haingii nyumbani hivi hivi. Anakanyaga yai bichi mlangoni, juu ya kijiti hicho. Yai halina mdomo, halijamsengenya mtu wala kumwaga damu. Likipasuka, kilichomfuata kinabaki nje.

Maana kuna vinavyofuata. Watu waliokufa vibaya, wakazikwa pasipo kwao, humshika aliye hai wakitafuta njia ya nyumbani. Waacholi huita kitu hicho cen. Mimi nilikuwa nacheka nikisikia.

Niliteremka Kansanga wingu likiwa limeshaifunika Ggaba Road. Duka la kwanza, mayai ya trei. La pili, ya trei. La tatu mwenye duka akaniambia, "Nyabo, ya kienyeji nenda kwa Maimunah, kule juu nyuma ya msikiti. Yeye ako na jogoo." Kule juu ni mwendo wa dakika ishirini kwenda na ishirini kurudi. Nikatazama kilima. Simu ikatetemeka mkononi, ujumbe wa Tarcisio.

"Niko Kansanga tayari."

Miaka miwili nilikuwa nimengoja. Jamani, dakika arubaini zilinishinda. Nikanunua yai la trei, la kahawia. Njiani nikainama, nikalipaka udongo kidogo lionekane limetoka kwenye kiota, kisha nikalifumbata kiganjani lipate joto. Yai ni yai, nikajiambia.

Nyumbani umeme ulikuwa umekatika. Adoch alikuwa amechuchumaa mlangoni, kijiti mbele yake. Alilipokea yai, akaligeuza, akalinusa.

"Umetoa kwa nani?"

"Kwa Maimunah, mama. Bado lina joto."

Akaitikia kwa kichwa, akalilaza juu ya kijiti. Tukangoja. Adhana ya magharibi ilikuwa inamalizika.

Kwanza nilisikia harufu. Udongo… udongo uliofukuliwa sasa hivi. Mvua ilikuwa haijaanguka hata tone.

Kisha viatu. Taratibu, kimoja kikiburuta.

Akasimama getini. Alikuwa amekonda, ndevu zimeota ovyo, lakini mabega yalikuwa yake, na ule mtindo wa kuinamisha kichwa upande wa kushoto ulikuwa wake. Nilitaka kumkimbilia. Adoch akanishika gauni.

"Usimguse," akanong'ona. "Kwanza akanyage."

Tarcisio akasogea. Akainua mguu.

Kra!

Adoch hakuweza kuona. Akageuza uso kwangu. "Kiini rangi gani?"

Kila mtu Kampala anajua. Yai la kuku anayejitafutia lina kiini cha njano iliyoiva. Nilitazama chini. Kiini kilikuwa cheupe, kimepauka kama maji ya mchele. Lile yai halikuwahi kuwa na kifaranga ndani, wala lisingewahi kuwa naye.

"Njano, mama," nikasema. "Njano kabisa."

Mume wangu akaingia ndani. Nyuma yake, nahisi mpaka leo, hewa ikaingia kidogo baada yake, mtu wa pili akipita taratibu ili asitugonge.

Usiku ule nilikuwa na furaha, sitasema uongo tena. Alikula posho na maharage, sahani mbili. Nilimwosha mgongo, nikahesabu makovu mapya, nikalia, akanifuta machozi kwa kidole gumba. Akaniambia kisa chake mara moja tu, na hakukirudia. Huko vitani alikuwa na rafiki aitwaye Ocen. Ocen alishikwa na homa, akawa anatetemeka, ndipo Tarcisio akamvua koti lake mwenyewe lililoshonwa jina, akamvika. Alfajiri akaenda kuchota maji. Mlipuko ukasikika nyuma yake. Kabla hajafika kambini watu wenye bunduki walimkamata, wakamfungia miaka miwili katika nyumba isiyo na dirisha.

"Kwa hiyo mlizika Ocen," akasema. "Mlimlilia na jina yangu."

"Tulimlilia sana," nikamjibu.

"Najua. Alisikia."

Sikumuuliza alijuaje.

Siku ya tatu nikagundua kwamba hatoki. Choo chetu kiko nje, ng'ambo ya ua, naye akatumia ndoo. Jua likiwaka, alikaa ameutazama ukuta. Majirani walikuja kumsalimu afande, akawatazama kama ambaye hakujua wanamsalimu nani. Nikamleta daktari nyumbani, kijana mwenye heshima zake. Akasema ni ugonjwa wa vita, akili ya mtu hujificha, inahitaji muda. Huenda alisema kweli.

Lakini jioni ya siku ile ile, adhana ilipoanza, Tarcisio aliinuka, akaenda mpaka mlangoni. Akausimamia kwa ndani. Akabisha.

Ko. Ko. Ko.

Kwa ndani, ninyi. Akabisha mlango wa nyumba aliyomo.

"Moreen," akasema. "Moreen, nimefika. Fungua."

Sauti haikuwa yake. Ilikuwa nyembamba, ya mtu mwenye kifua. Na ile harufu ya udongo ikajaa chumba kizima mpaka nikatema mate. Adoch alikuwa kwenye mkeka wake. Hakupiga kelele. Aliniita tu, kwa upole ulioniumiza kuliko kofi.

"Jalia. Ile yai ilikuwa ya nani?"

Nikamwambia yote. Trei, udongo, kiganja, kiini. Nilipomaliza alikuwa analia bila sauti.

"Mimi sina macho, mwanangu," akasema. "Nilikuwa na wewe tu."

Majuto ni mjukuu, lakini wangu hakusubiri hata mwezi.

Kesho yake nilipanda kilima kwa Maimunah, nikamwona kuku kwa macho yangu, nikamwona na jogoo. Adoch akanifundisha la kufanya. Tarcisio alipaswa kutoka nje, halafu aingie upya juu ya yai la kweli. "Lakini atoke na jina yake," akanionya. "Usimwite na jina ya yule mwingine, yule tulizika. Ukiita huyo, huyo ndiye atatoka."

Jioni tukaufungua mlango wazi. Adoch alikaa pembeni ya kizingiti, yai mkononi, kijiti pajani. Mimi nikasimama uani, manyunyu yakinipiga.

"Tarcisio!"

Hakugeuka. Alikuwa amekaa anautazama ukuta.

"Tarcisio Oyet. Mume wangu. Toka."

Adhana ikaanza kule msikitini. Nikamwita kwa jina alilobatizwa, nikamwita kwa lile jina la chumbani ambalo hata mama yake halijui. Nikamkumbusha shati la bluu alilonunua kwangu Owino siku ya kwanza, akasema limembana, kesho akarudi kununua lingine ili anione. Niliita mpaka koo likachanika. Hakutikisika. Adhana ilikuwa inaisha, na nilijua atainuka kubisha, nami sitakuwa na nguvu ya kusikia tena. Nilikuwa nimechoka. Namtaka nje, basi, atoke kwa vyovyote, yaliyobaki tutayamaliza mlangoni.

Nikasema.

"Ocen. Mimi Moreen. Njoo."

Adoch akatoa sauti ya mtu aliyechomwa.

Naye akainuka. Kwa mara ya kwanza tangu afike, akatabasamu, tabasamu zuri la kijana, wala halikuwa la mume wangu. Akapita kizingiti, akasimama uani mbele yangu kwenye manyunyu. Alikuwa anatetemeka kama mwenye homa. Upesi Adoch akalaza kijiti na yai mlangoni, mikono yake ikipapasa.

"Mwite wako sasa," akanong'ona. "Haraka."

"Tarcisio," nikasema. "Ingia ndani, mpenzi."

Akageuka nyuma, akatazama kulia, akatazama kushoto, kumtafuta mtu anayeitwa.

"Tarcisio alikufa, dada," akasema taratibu. "Hamkuambiwa? Alinipa koti yake."

Akaelekea getini.

Nilimkimbilia mpaka barabarani, bila viatu, nikamng'ang'ania mkono. Ngozi ni ile ile, kovu la kiwiko ni lile lile. Akaubandua mkono wangu kidole kwa kidole, bila hasira, akaniangalia kwa huruma.

"Pole, dada. Umenifananisha."

Akapanda boda, nikamsikia akisema apelekwe kwenye mabasi. Taa nyekundu ikakata kona. Nyumbani nilimkuta Adoch amekaa palepale mlangoni, na lile yai zima limelala mbele yake.

Nilimtafuta. Nilienda stendi nikawaonyesha picha makondakta. Nilienda kwa wakubwa wake, wakaniambia nisubiri, na kwamba akina Ocen wako wengi. Nikarudi kibandani kwangu kwa sababu lazima tule. Nikaambiwa na shangazi mmoja nikae eda nyingine, mwingine akasema huwezi kumkalia eda mtu aliye hai. Hakuna aliyejua mimi ni nini.

Wiki ya nne, saa ya adhana, simu ililia.

"Samahani, dada," sauti ya mwanamke ikasema. "Mimi naitwa Moreen. Niko Lira. Hii namba mume wangu anaibonyeza kila siku bila kupiga, ndiyo nikasema nijaribu."

Nikashika ukuta.

"Walisema alipotea vitani," akaendelea, anasema harakaharaka kama mtu aliyekosa wa kumwambia. "Amerudi. Sura imegeuka, watu wananiambia si yeye. Lakini vita inageuza watu, si ndiyo? Anajua kila kitu. Anajua siku mtoto wetu alizaliwa, mvua ilinyesha namna gani. Mchana ni mzuri, analima, anacheka. Lakini ikifika saa kama hii anakaa mlangoni, analia, anaita jina. Dada, Jalia ni nani?"

Nyuma yake nikasikia mbao ikigongwa. Ko. Ko. Ko. Kisha sauti ya Tarcisio mwenyewe, nzito, ya asubuhi, jina langu likivutwa mwishoni kama anavyolivuta yeye peke yake duniani.

"Jaliaa… nimefika. Fungua."

Nilikuwa na neno moja tu la kusema. Naam. Nilijua nikiitika atainuka, atapita mlango ule, atakuja. Na nilimtaka, Mungu ananiona, nilimtaka kwa kila mfupa. Lakini mwanamke yule alikuwa analia kwenye simu. Naye alikuwa amemngoja mtu wake miaka miwili, na hakumdanganya mtu yeyote mlangoni.

Nikaziba mdomo kwa kiganja mpaka ile sauti ikanyamaza.

"Simjui," nikamwambia.

Kutoka mkekani kwake, Adoch akauliza ni nani aliyepiga. Nikamwambia ni mtu amekosea namba.