Mechi ya Dakika Ishirini

Haya yalimpata rafiki yangu, fundi cherehani. Mama yake alimtuma amtoe mdogo wake chumbani, wampeleke baba kliniki kabla haijafungwa. Mdogo mtu alikuwa amejifungia, pazia limeshushwa, anacheza gemu la vita kwenye simu.

“Dada, mechi haizidi dakika ishirini. Tumebaki wawili tu.”

“Basi kufa haraka, bwana mkubwa, baba anangoja.”

Saa nzima ikapita. Vidole bado vilisikika vikigonga kioo cha simu. Dada mtu akasukuma mlango hadi komeo likaachia, akaingia gizani. Simu ilikuwa imezimika, imepoa kabisa. Akachomoa waya wa kusikilizia kwenye sikio la mdogo wake, akautia kwenye lake. Akasikia hatua kwenye kokoto, zikikaribia. Zikasimama.

“Dada,” sauti ya mdogo wake ikanong'ona humo, “nitoe huku.”

Kando yake, mdogo wake alikuwa amefumba midomo.