Mguu wa Mama Haukupata Joto

Mguu wa mama ulikuwa wa baridi, na kwa mpimaji hilo halikuwa jambo la kutisha hata kidogo. Kazi yake ilikuwa kupima mishipa ya fahamu. Hubandika vibandiko vyenye waya kwenye mguu, hugusa ngozi kwa kifaa chenye ncha mbili, hubonyeza kitufe, umeme kidogo unapita, na wimbi linapanda kwenye skrini. Wimbi likichelewa, mshipa una kasoro. Lakini baridi huchelewesha hata mshipa mzima, kwa hiyo mguu wa baridi hupashwa joto kwanza. Akaleta beseni la maji ya moto. Baada ya dakika ishirini maji yalikuwa yamepoa kabisa, na mguu uko vilevile.

Mama huyo alikuwa mama yake mzazi, fundi cherehani mwenye maneno mengi kuliko nyuzi zake. Kwa miezi mitatu miguu yake ilikuwa imekufa ganzi na cherehani imefunikwa shuka. Mpimaji, binti aliyekuwa akiishi naye, hakuwa na ombi lingine duniani ila kumwona mama anakanyaga tena zile pedali. Ndiyo maana alimleta kazini kwake, hospitalini, saa ya mapumziko, wenzake wakiwa wamekwenda kula. Mama alilalamika kwamba kuna mtu anatembea ndani ya miguu yake, tena hana adabu, havui viatu. Binti akacheka.

Kisha wimbi likapanda kwenye skrini kabla hajabonyeza kitufe.

Alilifuta, akaanza upya. Likapanda tena, kidole chake kikiwa bado hewani. Spika ya mashine, ambayo kwa kawaida hukwaruza kama manyunyu juu ya bati, ikanyamaza kidogo, halafu zikasikika hatua, nzito, za taratibu, za mtu anayetafuta mlango. Chumba kikajaa harufu ya nywele zilizoungua.

"Mama, unasikia?" alinong'ona.

"Nasikia. Ndiye huyo."

Mtu mwingine angetimua mbio. Yeye alifanya kosa ambalo ni watu wa kazi yake tu wanaoweza kulifanya. Mpimaji akiitilia shaka mashine, hujipima mwenyewe, maana mguu wake anaujua kuwa mzima. Alivua kiatu, akabandua vibandiko kwenye mguu wa mama, jeli haijakauka, akajibandika, akabonyeza.

Likatoka wimbi zuri, kwa wakati wake. Kumbe mashine haina neno, alijisemea, na alipogeuka akamkuta mama amesimama pekupeku, anakanyaga sakafu huku na huku, machozi yanamtoka. Alisema anausikia ubaridi wa saruji kwenye nyayo. Wakakumbatiana, wakalia pamoja, na mama akatembea mwenyewe mpaka getini bila kushikwa mkono. Binti alifurahi mno hata akasahau kuvaa kiatu. Alipokuja kukivaa, hakukisikia.

Siku ya pili ganzi ilikuwa imefika gotini. Siku ya tatu, mchana kweupe, alikuwa mezani akiandika majibu ya mgonjwa wakati mguu ule ulipoanza kupiga sakafu, akaubana kwa mikono miwili nao ukaendelea kupiga, sasa chini ya ngozi, ngozi yenyewe ikiwa imetulia tuli, na ile harufu ya nywele ikapanda kutoka kwenye soksi yake, na spika ya mashine, ambayo ilikuwa imezimwa na waya wake umechomolewa ukutani, ikawa inaitikia hatua kwa hatua, karibu zaidi na karibu zaidi, mpaka mgonjwa aliyelala kitandani akauliza kwa sauti ndogo ni nani huyo anayekuja.



Walimwendea mganga mmoja mkimya aliyesifiwa na majirani. Alikishika kifundo cha mguu, akakiachia upesi, akaenda kunawa mikono mara mbili. Aliwaambia kwamba anayetembea humo ni jini, na hawezi kufukuzwa kwa dawa wala kisomo. Jini aliingia kwa kupitia waya, na akitoka atapitia waya huohuo, tena ni mpaka akubali kurudi kwenye mguu aliouzoea. Hakutaka malipo. Alitaka waondoke.

Kesho yake, saa ileile ya mapumziko, mama alifika kazini kwa binti yake, akapanda kitandani na kuvua viatu.

"Nirudishie, mwanangu. Mimi nimeshazeeka, na yeye nimeshamzoea."

"Siwezi, mama. Umeanza kushona juzi tu."

"Nimeshona ya kutosha. Wewe bado."

Binti alikataa. Alikataa tena, kwa sauti iliyozidi kufifia, maana ganzi ilikuwa imefika kiunoni na kitu kilikuwa kikimpapasa uti wa mgongo kama anayepanda ngazi gizani. Alikuwa anaogopa. Alimpenda mama yake kuliko mtu yeyote, na bado alikuwa anaogopa, na mikono yake ikabandika vibandiko kwenye mguu wake, ikavibandua, ikavihamishia kwenye mguu wa mama ambao ulikuwa na joto, joto zuri la mtu mwenye afya, ikachukua kile kifaa, na kidole chake mwenyewe, bila kusukumwa na jini wala mtu, kikabonyeza.

Wimbi likapanda. Vidole vya mguu wa mama vikakakamaa, kisha vikalegea, na rangi ikavitoka.

Binti aliinama akajifinya paja. Hakusikia kitu. Akachukua sindano mezani, akajichoma gotini, damu ikachuruzika, hakusikia kitu. Kwenye spika hatua zilianza upya, na safari hii zilikuwa za wawili, wakipishana bila haraka.

Mama alikuwa anamtazama kutoka kitandani, uso umejaa matumaini.

"Ametoka? Umepona?"

Binti akafunika goti kwa koti lake la kazi.

"Nimepona, mama," alisema, akaanza kumvalisha viatu.