Mdundo wa Mbuzi wa Kiapo

Beth wa viatu vya mitumba anashikilia kwamba Igoki alimroga Kiunga mchana kweupe, mbele ya wateja. Anaapa kwa jina la mama yake: kijana alikuja amepasuka kichwa, damu inamtoka kama mfereji uliosahauliwa wazi, naye Igoki akafungua kimoja cha vile vitabu vyake vya majini, akakinong'oneza, akakipuliza, akamfunika nacho uso. Damu ikakauka hapo hapo. Tangu siku hiyo, asema Beth, mwimbaji mzima wa watu akawa anamfuata yule msichana wa Kiritiri kama kondoo aliyeonyeshwa chumvi.

"Na mnajua watu wa Kiritiri," humalizia, kisha hunyamaza ili kila mtu ajazie mwenyewe.

Kitabu kilikuwepo, hilo ni kweli. Ila hakuna aliyekinong'oneza.

Ilikuwa siku ya soko Meru mjini, mvua imekatika na matope yamefika vifundoni. Igoki alikuwa ameketi nyuma ya meza yake, kando ya barabara inayopanda kwenda Kaaga, sweta ya kijani, kitambaa cha njano kichwani, anasoma. Kazi yake ilikuwa kukodisha hadithi: za mapenzi, za wachawi wa mjini, za majini wanaoolewa na matajiri, za wasichana wanaotuma uchawi kwa simu. Wanafunzi walizichukua wakazificha chini ya magodoro, wauza mboga wakazirudisha zikinuka vitunguu. Yeye mwenyewe aliachia shule darasa la nane, lakini hakikupita kitabu mezani pake kabla hajakimaliza.

Kiunga alitokea upande wa stendi akikimbia, gita mgongoni, shati lake jeupe la jukwaani limekuwa jekundu kifuani. Nyuma yake wanaume wawili wenye fimbo. Jana yake alikuwa ameimba harusini huko kwao Githongo, akatunga papo hapo ubeti wa kumcheka bwana harusi, na ndugu za bwana harusi hawakucheka. Aliteleza, akaingia mzima mzima chini ya meza ya Igoki. Wa kwanza kufika aliinama amvute mguu. Igoki akachukua kitabu kinene kuliko vyote, akampiga nacho puani kwa ukingo. Mfupa ulilia. Wa pili akaangalia damu ya mwenzake, akamwangalia Igoki ambaye alikuwa ameshainua kitabu tena, akaona mambo ya harusi yameisha jana.

Igoki alivua kitambaa chake akamfunga yule kijana kichwa.

"Hicho kitabu kinaitwaje?" Kiunga aliuliza kutoka chini ya meza.

"Toka kwanza."

"Nataka kujua nimeokolewa na nani."

"Ni jini wa kike. Anampenda dereva wa lori. Anang'oa kucha zake zote ili awe mtu."

"Na dereva?"

"Anaoa mwingine."

Kiunga alicheka mpaka jeraha likafunguka upya. "Nikodishie."

"Utakichafua na damu."

"Kimeshachafuka. Na si yangu peke yangu."

Hakukisoma. Alikuwa mvivu wa kusoma. Akawa anampigia simu, amelaza gita mapajani, anamwomba amsimulie, na Igoki akafungua moyo na vitabu pamoja: huyu aliyefungwa ndani ya kioo, yule aliyeuza kivuli chake apate mume. Kesho yake simulizi ilikuwa wimbo. Kofia nyekundu ya Kiunga ikajulikana kutoka Meru hadi Embu, nyimbo zake zikapigwa kwa vinyozi, kwa mabucha, kwa magari. Alimwita Igoki daktari wangu. Alimwita mwendwa, mpenzi kwa lugha ya kwao. Alimuuliza amekula nini, na akijibiwa ndengu, alitaka kujua akimuoa watafuga watoto au mbuzi.

"Wewe utafuga mdomo wako," Igoki alimwambia, na usiku huo alilala akitabasamu kama mjinga.

Kisha wakamuua Mbaka.

Mbaka alikuwa kaka yake Igoki, akipakia mchanga kwenye malori huko chini mtoni, Kiritiri. Kulitokea vita vya kugombania lori, watu wakatawanyika, akabaki yeye juu ya mchanga na kichwa kimefunguka. Wote walikuwepo na hakuna aliyeona. Kwa hiyo wazee wakasema apigwe mbuzi wa kiapo.

Beberu mweusi aliletwa, akalazwa. Mmoja mmoja, wanaume kwa wanawake, walichukua rungu wakapiga, mfupa baada ya mfupa, na kila mmoja akasema kwa sauti: kama mimi nilimuua Mbaka, au namjua aliyemuua na nimenyamaza, nivunjike hivi. Mama yake Igoki hakuweza kuinuka kitandani, na alitaka kusikia kwa masikio yake nani ameapa. Ndiyo sababu Igoki alisimama pale na simu mkononi, anarekodi. Beberu alilia mpaka kilio kikamwisha. Mama alisikiliza yote, ameangalia ukuta, halafu akasema, "Ndwiga hayuko."

Ndwiga alikuwa mpakiaji mwenzake Mbaka. Alihama siku ile ile mbuzi alipokuwa akitafutwa.

Kiunga alikuja kutoa pole. Alikaa vizuri na wanaume, akapasua kuni, akamshika mama mkono. Jioni aliomba asikie kile kiapo, na Igoki akampa simu kama unavyompa mtu mtoto akushikie. Alipotoka kuchota maji, Kiunga alijitumia ile sauti kwa simu yake.

Igoki aliisikia kwenye redio ya Beth. Kwanza gita, tamu, polepole. Kisha mdundo. Beth alikuwa ameshaanza kutingisha kiuno, kiatu mkononi. Yale yalikuwa marungu ya kwao. Na kile kitu chembamba kilichopita juu kama filimbi kilikuwa kilio cha beberu, kimevutwa kwa mashine mpaka kikawa kizuri. Kiunga akaimba: nivunje mwendwa, nivunje mfupa mmoja mmoja.

Igoki alimpigia simu.

"Toa hiyo kitu."

"Umeusikia? Wanaupiga mpaka Embu. Nilitaka nikushtukize."

"Ulichukua kwa simu yangu."

"Igoki, ni mdundo tu. Hakuna mtu anajua ni nini."

"Kwetu kila mtu anajua."

"Hukuniambia ni siri."

"Ndugu yangu amekufa, Kiunga, na watu wanamchezea kiuno."

Akakata. Kiunga alipiga tena na tena, akatuma maneno ya kubembeleza, na mwishowe akaja mwenyewe. Igoki alimzaba kofi, kisha lingine upande wa pili, na Beth akaeleza soko lote kwamba sasa anauzima ule uchawi.

Lakini wimbo hauzimiki hivyo. Kiritiri, siku ya mnada wa mbuzi, mwenye hoteli mmoja aliupiga kwa spika kubwa. Kina mama walitupa mizigo wakaziba masikio ya watoto. Vijana waliivunja spika kwa mawe, na mwenye hoteli alipotoka kuuliza, wakaendelea na yeye, mpaka taya lake likahama upande. Mtu aliyecheza mdundo ule, walisema wazee, ameapa bila kujua ameapa nini.

Mchana mmoja, wakati soko limejaa, mwanamume alisimama mbele ya meza ya Igoki. Alikuwa na macho mekundu na koti refu la mvua ingawa mvua ilikatika alfajiri na jua lilikuwa kali. Mguu wake mmoja ulikuwa umefungwa matambara, umevimba kama mfuko wa unga.

"Wewe ni dada ya Mbaka."

"Ndimi."

"Mwambie mume wako atoe huo wimbo."

"Sina mume. Wewe unakuuma nini?"

Akaanza kusema na hakuweza kujizuia. Alikuja Meru ili awe mbali na yule mbuzi, na mbuzi akamfuata kwa redio. Akienda kwa kinyozi yupo. Akinywa chai yupo. Mguu ukaanza kuoza wenyewe, mke wake akapoteza mimba, na yeye hakuapa, hakuwa hata pale, sasa mbuzi anamtakia nini. Igoki alikuwa ameshajua ni nani. Alifunga kitabu alichokuwa akisoma, akakilaza mezani.

"Mimi nilimshika tu," Ndwiga alisema, na machozi yakamtoka. "Nilimshika mikono. Beleshi halikuwa langu."

Igoki aliiangalia ile mikono. Hakupiga kelele. Aliuliza kwa sauti ile anayowaulizia wateja wamefikia wapi kwenye hadithi, kama Mbaka alisema lolote.

"Alisema nimwachie mkono mmoja, ajikinge uso."

Nyuma ya Ndwiga alikuwa amesimama Kiunga. Alikuja bila gita, na shati la kanisani, ametoka kuwasihi watu wa redio waache kuupiga ule wimbo, na alitaka kumwambia Igoki kwamba wazazi wake wako tayari kushuka Kiritiri kumposa. Yote hayo yalimtoka kichwani. Alimshika Ndwiga kola, akamzungusha. Panga likatoka ndani ya koti. Kiunga aliinua mkono wa kushoto, ule unaokamata nyuzi, na vidole viwili vikaanguka juu ya vitabu.

Beth alilia, "Muuaji," na soko likasikia.

Walikuja kutoka kila upande. Jiwe la kwanza lilimpata Ndwiga shingoni. Mbeba mizigo alimpiga goti kwa ubao, goti likaenda upande usio wake. Viatu vya Beth vilimwagika matopeni, watu wakavikanyaga, wakamkanyaga na yeye. Mziba pancha alikuja akibingirisha tairi, na mwingine nyuma yake na mtungi wa petroli. Katika hadithi za Igoki laana ilimfuata mkosaji mpaka kwake, ikammaliza, na hakuna aliyenusa chochote. Hapa kulinuka.

Kiunga alipiga magoti matopeni kando ya Igoki, mkono ameubana kwapani, uso umekuwa kama majivu.

"Igoki. Waambie waache."

"Huyo ndiye."

"Najua."

"Alimshika mikono."

"Nimesikia. Na mimi nilimchukua ndugu yako nikamfanya ngoma. Hilo nitalibeba mpaka nife, unipige makofi kila siku. Lakini huyu akichomwa hapa tukiangalia, mwendwa, tutaoana tukisimama wapi?"

Mziba pancha alikuwa ameshainua tairi. Alisita. Alikuwa mtu mzima, na alimtazama Igoki kama anayeomba ruhusa kanisani.

"Dada, aliyeuawa ni wa kwenu," alisema. "Unasemaje?"

Kelele zikashuka. Wanaume wawili walikuwa wamesimama juu ya mikono ya Ndwiga, mmoja kila upande, na uso wake ulikuwa wazi, bila mkono wa kuukinga, umegeukia mezani. Damu ya Kiunga ilikuwa ikidondoka kwenye sketi ya Igoki, ya moto, na alihisi bega lake likimwegemea.

"Sema," Kiunga alimnong'oneza. "Neno moja tu, Igoki. Sema."