Kanzu ya Nadhira

Soko la Bagamoyo asubuhi ya Alhamisi halipitiki. Najim, fundi wa kanzu, alikuwa ameinamia cherehani yake dada mmoja aliposimama mbele yake. Buibui jeusi, mtandio wa zambarau, macho hayatulii. Alitaka kanzu nyeupe yenye tarizi ya hariri shingoni. Najim akamwuliza mwenye kanzu yuko wapi, aje apimwe.

"Andika vipimo vyangu," alisema. "Tunalingana."

Akampa futi ajipime, naye akaandika. Ni kanzu ya bwana harusi, nani asingejua? Mwanamke anamshoneshea nani tena kanzu ya tarizi ya hariri? Jina akasema Nadhira, akaacha namba ya simu.

Wakaanza kupigiana. Mwanzo ilikuwa habari ya vifungo, kisha tarizi, kisha hakuna cha vifungo wala tarizi, ni kutaniana tu, na "fundi wangu, umekula?" Najim akapenda, masikini, akapenda mpaka akawa anashona na kufumua. Siku moja akajikaza, akasema huyo bwana ana bahati. Nadhira akacheka, akajibu kuwa bahati anayo kweli. Tangu hapo Najim hakupokea simu, na kanzu ilipofuatwa alijifanya yuko msikitini. Nadhira akamwachia Majaliwa, mjomba wake Najim na mwenye duka lile la ushonaji, kadi ya mwaliko: Jumamosi, saa kumi jioni, ukumbi wa wasanii.

Mjomba na mpwa wakaenda wote wawili, Najim roho ikimuuma.

Harusi haikuwepo. Jukwaani alitoka kijana wa kanzu na kofia, bakora mkononi, akakaa kitini kwa kujinafasi, akaanza kuamuru nani asome, nani aolewe, nani anyamaze. Watu wakatikisa vichwa kukubali. Kisha akafunga khanga juu ya kanzu ileile, akayarudia maneno yaleyale, sauti ileile. Ukumbi ukaguna, wengine wakazomea. Najim akaitambua tarizi yake, halafu akamtambua aliyeivaa.

"Nimebadilika nini?" Nadhira akawauliza.

Mjomba Majaliwa, aliyejua jinsi mpwa wake alivyompenda, alikwishasimama. Alisema kwa sauti, kila mtu asikie, kwamba mke wa namna ile kwao haingii na posa ya Najim kwa huyo yeye haipeleki. Akaondoka. Najim akabaki.

Nyuma ya ukumbi alimkuta Nadhira bado kavaa kanzu, jasho linamtiririka, hasira zimempanda: wiki mbili simu hapokei, kakosewa nini? Najim akaeleza habari ya bwana harusi. Nadhira nusura acheke, akajizuia.

"Mchezo huu siachi, Najim. Mwezi ujao nauchezea Pangani, nyumbani, mbele ya baba. Kama unaona aibu, sema sasa."

"Mjomba amekataa kupeleka posa."

"Nimemsikia."

"Nitaipeleka mwenyewe."

"Mwanamume hajipelekei posa."

"Na mwanamke havai kanzu."

Nadhira akamweleza kwamba baba yake hukaa barazani kila Ijumaa baada ya swala, na kwamba mara ya kwanza lazima atamfukuza.

Najim akauliza mara ya pili aje lini.