Msumeno Alioukataa Mama Tupa

Ndugu zangu mlio kazini, na ninyi mnaotafuta kazi, kaeni niwaeleze yaliyoipata nyumba moja. Sitawasumbua mbahatishe ni nyumba ya nani. Ni yangu.

Asubuhi ninayoianzia ilikuwa njema. Mke wangu alikuwa akimimina chai, watoto wakigombania sahani yenye maua, na shemeji yangu, mdogo wake mke wangu, akipiga pasi ovaroli mpya kana kwamba anakwenda harusini. Nilikuwa nimemtafutia kazi katika karakana yetu ya mbao, na dada yake alinishukuru mpaka nikaona haya. Mimi nami nilikuwa na furaha yangu. Funguo za chumba cha misumeno zilikuwa mfukoni, kwa kuwa siku hiyo nilikuwa naanza ukuu wa chumba.

Mke wangu akaniuliza bila ugomvi, "Na yule dada aliyekufundisha, yeye amepewa nini?" Nikamjibu kwamba vyeo havigawanywi kwa huruma. Lilikuwa jibu la ovyo, lakini chai ilikuwa tamu na sikutaka kuitia chumvi.

Dada huyo tulimwita Mama Tupa, kwa sababu tupa ya kunolea haikumtoka mkononi. Kwa miaka kumi na miwili alinoa misumeno ya mashine, na utaratibu wake ukawa wa karakana nzima. Msumeno wa duara ukishanolewa hutundikwa kwenye msumari, kisha hugongwa kwa mpini wa mti. Ulio mzima hulia kwa muda mrefu. Wenye ufa hukata sauti mapema, hata kama jicho halioni kitu. Nilipofika pale sijui hata kushika tupa, ni yeye aliyenifunga kitambaa machoni akanigongea msumeno mmoja baada ya mwingine, siku nenda siku rudi, mpaka nikajua kutofautisha.

Lakini alikuwa na makosa mawili yasiyonyooshwa kwa tupa. Alikuwa mwanamke, na alitoka katika kabila ambalo sisi wengine tulizoea kulitania kwa maneno ambayo leo nikiyakumbuka natamani kujifunika shuka. Msimamizi wetu, tuliyemwita Bwana Saa kwa jinsi alivyotukimbiza, aliweka sheria kwamba kila msumeno ulionolewa na Mama Tupa lazima ugongwe tena na mwanamume kabla ya kupanda mashine. Mwanamume huyo nilikuwa mimi. Mwanafunzi akimsahihisha mwalimu wake, na sote tukicheka.

Mkuu wa zamani alipostaafu, kila mtu alijua anayestahili. Bwana Saa akaniita pembeni, akaniambia wanaume hawatakubali kuamriwa na mwanamke, tena wa kule. Nilijua si haki, nikapokea funguo kwa mikono miwili. Mama Tupa alinipa hongera, akarudi kwenye kazi yake.

Wiki ya tatu tulikuwa na oda ya madawati ya shule, na muda ulikuwa umetubana. Mama Tupa alishusha msumeno mmoja msumarini, akauweka sakafuni.

"Huu usipande mashine," alisema. "Una ufa."

Bwana Saa akasema watu wa kule hawaishiwi visingizio vya kukwepa kazi. Akanigeukia. "Mkuu, gonga wewe."

Nikautundika, nikaugonga. Sauti ikafa palepale. Niliisikia, ndugu zangu, sina pa kujificha. Lakini wanaume walikuwa wamejazana mlangoni wananitazama, na kusema una ufa kulikuwa sawa na kukiri kwamba yeye ndiye mwenye haki ya zile funguo.

"Uko salama," nikasema.

Mama Tupa alinitazama kidogo, kisha akatoka kuelekea upande wa mashine. Aliyekuwa akisukuma mbao siku hiyo ni shemeji. Hata saa moja haikupita. Mlio wa mashine ulibadilika, kikafuata kishindo, kisha sauti ya shemeji akimwita mama yake. Kipande cha msumeno kilikuwa kimempiga usoni na kuliharibu jicho lake la kulia.

Jioni ile Bwana Saa aliniletea karatasi iliyokwisha kuandikwa. Ilisema msumeno ulivunjika kwa sababu Mama Tupa aliunoa vibaya. Akaniambia lazima mtu mmoja aubebe mzigo huu, nichague awe nani. Waswahili husema mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni. Sisi tulimnyonga na haki yake tukabaki nayo. Nilitia sahihi, na kesho yake Mama Tupa akafukuzwa.

Siku ya nne shemeji aliweza kuzungumza vizuri. Mke wangu alikuwa ameketi kitandani kwake hospitalini akimlisha supu, mimi nimesimama miguuni pao.

"Nataka nikitoka hapa nimshukuru yule mama," shemeji alisema. "Alikuja kunikataza nisiuwashe. Nikamwambia shemeji yangu ndiye mkuu, na kasema uko salama. Basi akaniomba angalau nisisimame usawa wa msumeno. Nilisogea kidogo tu, dada. Ningebaki pale, mngekuwa mmeshanizika."

Mke wangu akaniuliza yule mama alijuaje. Nilitafuta uongo, nami si mgeni wa uongo, lakini siku hiyo ulimi uligoma. Nikawaeleza yote, kuanzia nilivyougonga msumeno mpaka ile karatasi. Shemeji aligeukia ukutani. Mke wangu akaweka kijiko chini.

"Ulisikia," alisema. "Ulisikia kwa masikio yako, na mdogo wangu alikuwa anakuamini."

Shemeji aliporuhusiwa, mke wangu aliwachukua watoto, wakaenda naye kwa mama mkwe wangu ili amuuguze huko. Hajarudi. Watoto huletwa kwangu mwisho wa wiki, na mwisho wa wiki huchelewa sana kufika.

Nilikwenda kwa mwenye karakana nikaikana sahihi yangu, nikakiri kwamba ile karatasi ilikuwa ya uongo. Bwana Saa aliondolewa, nami nikaondolewa, wala silalamiki. Mama Tupa aliitwa arudi apewe ukuu wa chumba, akakataa. Alisema hana nguvu tena za kufanya kazi mahali ambapo neno lake lilihitaji shahidi.

Nikafunga safari kwenda kumwomba radhi. Nilimkuta mlangoni pake akinoa visu vya majirani.

"Dada, nisamehe," nilimwambia. "Siku ile sikuwa na hakika sana."

Hata pale, mnaona, nilikuwa bado najipunguzia. Alikijaribu kisu kwa kidole gumba, akakiweka juu ya vingine.

"Usinidanganye, mdogo wangu," alisema. "Masikio hayo niliyafundisha mimi."

MAFUNZO

Wengi wakisikia habari hii huniambia, laiti ungesema ukweli kuhusu ule msumeno. Ni kweli, lakini wanaanzia mbali. Kumnyima mtu nafasi yake kwa sababu ni mwanamke, au kwa sababu ya kabila lake, ni dhuluma hata kama hakuna msumeno utakaovunjika. Mimi nilikosa siku nilipopokea funguo. Yule niliyejua amedhulumiwa, singeweza tena kukubali kwamba amesema kweli, kwa maana kila ukweli wake ulikuwa unanivua cheo.

Kwa hiyo ukipewa nafasi na roho yako ikakunong'oneza kwamba kuna mwenyewe, usingoje ushahidi mwingine. Sema siku hiyohiyo, mbele ya haohao wanaokupongeza. Mimi nilisema, lakini jicho la shemeji lilikuwa limeshatangulia.