Nani Anatusemea Bungeni?

Kila asubuhi, kabla jua halijachomoza, Bamurange alifunga kamba za viatu vyake vyeupe, akamfunika vizuri binti yake Gaju, akaenda kazini. Alihudumia wazee katika nyumba ya wazee mjini Louisville, Amerika. Aliipenda kazi hiyo. Aliwaogesha wazee, akawalisha, akawaimbia nyimbo za kanisa lake. Nao walipiga makofi, ingawa hawakuelewa hata neno moja.

Kitu kimoja tu kilimsumbua: barabara.

Nyumba walizopanga yeye na majirani zake zilikuwa upande mmoja wa barabara kubwa. Kituo cha basi kilikuwa upande wa pili. Malori ya kwenda kwenye viwanda vya Jeffersontown yalipita pale kama yanafukuzwa. Hapakuwa na taa ya kuyasimamisha, wala mahali pa kuvukia. Watu walitazama kushoto na kulia, kisha wakakimbia. Wakongo walikimbia. Wameksiko walikimbia. Wanepali walikimbia na watoto mikononi.

Jumamosi moja ya mwezi wa nane, mwaka 2014, Shangazi Leya naye alikimbia. Leya alikuwa shangazi wa Ndahiro, mume wa Bamurange, na alikaa kwao. Alikuwa mama mtu mzima, mcheshi, na alikuwa amefika Amerika mwaka uliotangulia. Siku hiyo alitoka dukani na mfuko wa unga wa muhogo. Alipofika katikati ya barabara, lori likapiga honi. Leya akaruka, akaanguka pembeni. Lori halikumgusa, lakini mkono wake ulivunjika.

"Unga wote ulinimwagikia," alisimulia hospitalini. "Nilikuwa mweupe! Ule daktari alifikiri niko wa kwao."

Watu walicheka. Bamurange hakucheka.

"Baba Gaju, hii barabara itatuua," alimwambia mumewe walipofika nyumbani. "Lazima tuseme."

Ndahiro alipakia mizigo katika ghala moja la Jeffersontown. Alikuwa mtu wa maneno machache.

"Tumwambie nani? Bon, na tukisema, si wataanza kuuliza hawa ni wakina nani, wametoka wapi? Mama Gaju, umesahau kwetu?"

Bamurange hakuwa amesahau. Kwao Kongo, kwenye milima ya Kivu Kusini, siasa ilipokaribia, watu walifunga milango. Waliambiwa kwamba wao si wenyeji, ingawa babu zao walizaliwa na kuzikwa palepale. Basi, yeye na Ndahiro walikuwa wamepata uraia wa Amerika mwanzoni mwa mwaka huo, lakini hawakuwa wamejiandikisha kupiga kura. Waliona heri wakae kimya.

Kesho yake, jirani yao wa ghorofa ya juu alibisha hodi. Aliitwa Eulalia. Alitoka Guatemala, na alikuwa mpishi wa shule. Alimletea Leya sufuria ya supu ya kuku. Yeye na Bamurange walizungumza Kiingereza cha kazini, na kilipowaishia walitumia mikono.

"Mimi nilishakwenda kulalamika mjini," Eulalia alisema. "Waliniambia barabara hii si ya mji. Ni ya jimbo la Kentucky. Mambo yake yanaamuliwa Frankfort, kwenye serikali na bunge la jimbo."

"Na kule nani anatusemea?" Bamurange aliuliza.

"Ndilo swali langu! Sikiliza. Jimbo limegawanywa katika maeneo mengi. Kila eneo lina mbunge wake. Wanapogawa maeneo hayo, wanahesabu watu wote: watoto, wazee, raia na wasio raia. Mimi na wewe tumo ndani ya hesabu. Lakini kuhesabiwa ni jambo moja, kusikika ni jambo jingine."

Eulalia aliketi.

"Tazama sisi Walatino, watu wenye asili ya Meksiko, Guatemala na kwingineko kule. Tunaezeka mapaa, tunavuna tumbaku, tunapika shuleni. Tuko wengi Amerika. Lakini ukiingia katika mabunge, sisi ni wachache sana kuliko idadi yetu. Kwa nini? Wengi wetu bado ni watoto. Wengine hawajapata uraia. Na wengine ni raia kabisa, ila siku ya uchaguzi wanabaki nyumbani. Mgombea akijua mtaa fulani haupigi kura, hapotezi muda kubisha hodi."

Bamurange alitazama chini. "Mimi ni mmoja wa hao wanaobaki nyumbani."

"Basi mwaka huu usibaki. Kuna mama wa Kilatino anagombea eneo letu, Ximena Arriaga. Mimi nitampigia yeye. Wewe mpigie unayemtaka, lakini jiandikishe. Hapa Kentucky, uandikishaji unafungwa wiki kama nne kabla ya uchaguzi."

Ndahiro, aliyekuwa akisikiliza kutoka jikoni, alisogea karibu.

"Na wakijua nimemnyima mkubwa kura yangu?"

"Watajua kwamba ulikwenda kupiga kura. Uliyemchagua hawatamjua. Ni siri."

"Hata bosi wangu?"

"Hata bosi wako. Hata mke wako!"

"Na mimi?" aliuliza Leya.

"Wewe hapana, mama. Asiye raia asijiandikishe wala asipige kura, hata mtu akimwambia hakuna shida. Ni kosa kubwa. Linaweza kukuzuia kupata uraia, hata kukufukuzisha nchini. Lakini unaweza kwenda mkutanoni. Unaweza kumpigia mbunge simu. Mdomo wako uko huru."

"Mdomo ninao," Leya alisema, na safari hii hata Bamurange alicheka.

Wiki ile ile, Bamurange na Ndahiro walijiandikisha. Baadaye, Ximena alikuja kuongea na watu katika ukumbi wa kanisa lao. Leya alikuwa wa kwanza kuinua mkono, ule wenye plasta.

"Mama, utatufanyia nini kwa hii barabara?"

"Nikishinda, nitapigania taa," Ximena alijibu. "Nikishindwa, nendeni kwa atakayeshinda. Atakuwa mbunge wenu pia, hata kama hamkumpigia kura."

Siku ya uchaguzi, Ndahiro alivaa suti yake ya kanisani. Yeye na Bamurange walikwenda na vitambulisho vyao mpaka shule ya jirani, mahali pa kupigia kura. Walimkuta mzee Bisogo wa kanisani kwao, asiyejua kusoma, akiwa na binti yake. Sheria inamruhusu mtu kama huyo kuja na msaidizi anayemwamini, ila asiwe bosi wake wala mjumbe wa chama chake cha wafanyakazi.

Ndahiro alipotoka, alisimama kidogo mlangoni.

"Hawakuniuliza kabila," alisema polepole. "Waliuliza jina, wakaniambia karibu."

Usiku matokeo yalitoka. Ximena alishindwa kwa kura chache. Asubuhi, Bamurange alimkuta Eulalia ameketi kwenye ngazi, macho mekundu. Alimletea chai ya maziwa, akaketi naye.

"Ximena alituambia tufanye nini akishindwa?"

Eulalia alipangusa macho. "Twende kwa aliyeshinda."

"Donc, basi tunangoja nini?"

Aliyeshinda alikuwa mbunge wa siku nyingi. Majirani walianza kupiga simu ofisini kwake, kila mmoja na Kiingereza chake. Leya alipiga mara nyingi, mpaka karani akamjua kwa sauti. Mwishowe, majira ya kuchipua yalipofika, mbunge alikubali kuja.

Watu walidhani Bamurange atatoa hotuba. Hakutoa.

"Mheshimiwa," alisema, "twende kituo cha basi."

Mbunge alisimama ukingoni mwa barabara. Aliweka mguu mbele, akaurudisha. Lori lilipita, tai yake ikarukia begani. Leya akamshika mkono.

"Sasa! Kimbia!"

Walikimbia wote. Upande wa pili, mbunge alikuwa akihema.

"Mnafanya hivi kila siku?"

"Kwenda na kurudi," Bamurange alijibu.

"Sijawahi kuletwa hapa."

"Hatukuwahi kukuita. Tulikuwa tunaogopa. Sasa tunakuita."

Mbunge hakusahau mbio zile, na Bamurange hakumpa nafasi ya kusahau. Kila mwezi alipiga simu. Mafundi walikuja kuhesabu magari. Wakapima, wakachimba. Kabla theluji haijaanguka tena, taa ilisimama, pamoja na mistari mipana myeupe na kitufe cha kubonyeza. Leya alikibonyeza, malori yakasimama. Akavuka polepole kama bibi arusi, akifika ng'ambo anageuka, anavuka tena.

"Mnayaona?" alipaza sauti. "Yananisubiri mimi!"

Mwaka 2016 Ximena aligombea tena, na alitafuta watu wa kupita nyumba kwa nyumba. Bamurange alijitolea. Alishangaa kumwona mumewe akivaa viatu.

"Wewe unakwenda wapi?"

"Kubisha hodi," Ndahiro alisema. "Wale wa kwetu waliopata uraia juzi, nani atawaeleza?"

Mlango wa kwanza ulifunguka kidogo tu. Mwanamume mmoja alichungulia.

"Siasa? Hapana, ndugu. Sisi hatutaki shida."

"Hata mimi nilisema vile," Ndahiro alijibu, akitabasamu. "Bon, nipe kiti, nikueleze."

Mlango ukafunguka wote.