Uso Hauanikwi Kama Shati

Krik. Kifuniko cha kopo kilizunguka kidogo, kikatulia. Krik. Kikazunguka tena.

Nje kulikuwa bado giza. Mama Povu alikaa ukingoni mwa kitanda, kopo amelibana katikati ya magoti. Alilifungua polepole ili mumewe asiamke. Alichota krimu kwa kidole kimoja, akapaka kipaji cha uso, mashavu, pua na shingo. Ilimwasha. Akajiambia kwamba dawa inayowasha ndiyo inayofanya kazi. Kisha akalificha kopo chini ya kitanda, akaenda kuchemsha maji ya kufulia.

Majirani walimwita Mama Povu kwa sababu mikono yake haikuishiwa povu la sabuni. Mumewe walimwita Bwana Pasi. Wote wawili walikuwa madobi. Mke alifua na kuanika nguo juu ya paa la nyumba, ghorofa ya tatu. Mume alipiga pasi chini, katika chumba chenye meza ndefu na dirisha linalotazama barabara. Walikuwa wamefanya kazi hivyo kwa miaka kumi na moja, na doa la kuwashinda lilikuwa bado halijazaliwa.

Habari ya kopo ilianza kwa mzaha. Miezi miwili nyuma, Mama Povu alishuka kutoka paani saa saba mchana, amebeba kapu la nguo kavu. Wateja wawili walikuwa wamesimama dirishani. Bwana Pasi alimtazama mkewe, akacheka.

"Mke wangu, jua limekukaanga leo. Ukikaa karibu na jiko langu, nitashindwa kujua mkaa ni upi."

Wateja walicheka. Mama Povu naye alicheka. Bwana Pasi akarudi kwenye kola aliyokuwa akiinyoosha, na kabla hajaimaliza alikuwa ameshasahau alichosema. Lakini neno lile lilimkaa mkewe rohoni. Alilala nalo, akaamka nalo. Siku ya tano alinunua kopo la mkorogo, yaani krimu ya kuchanganywa ya kung'arisha ngozi. Kopo halikuwa na maandishi yoyote.

Muuzaji alimwambia apake usiku. Yeye akapaka alfajiri, kwa sababu alikuwa na ujuzi wake wa kidobi. Kola nyeupe ikishika uchafu, yeye huipaka sabuni, halafu huiacha juani ikiwa bado na sabuni yake. Jioni inakuwa nyeupe kabisa. Kwa hiyo alifikiri kwamba uso nao ni hivyohivyo: krimu ianze kazi, jua liimalize. Kila adhuhuri alisimama katikati ya kamba zake, akafumba macho, akaelekeza uso juu na kuhesabu hadi mia mbili.

Mwanzoni uso uling'aa kweli, na watu wakamsifu. Wiki ya sita mashavu yalianza kuwaka. Mvuke wa sufuria ulimchoma kama pilipili. Ngozi ya pua ilibambuka, na chini ya macho yakatokea mabaka meusi kuliko rangi yake ya zamani. Akaongeza krimu. Akaanza kujifunga mtandio hadi machoni, akamwambia mumewe kwamba jino linamuuma. Bwana Pasi akaamini. Alimnunulia vidonge, na kila asubuhi akampoozea chai kwa kuimimina kikombe hiki na kile, hiki na kile, isije ikamchoma jino. Mama Povu aliinywa chai ile huku ameinamisha kichwa.

Asubuhi hii alipanda paani na kapu la mashuka. Jua lilipopanda, uso ulimwaka hata akashindwa kuinua macho. Alichuchumaa nyuma ya shuka lenye maji, akaligandamiza usoni.

Wakati huo Nesi alifika dirishani. Alikuwa muuguzi katika kliniki ya ngozi, naye kila wiki aliwaletea makoti meupe ya kazini. Bwana Pasi alimwambia makoti bado yako kwenye kamba. Akamwomba apande mwenyewe, kwa kuwa miguu yake ni ya kijana, na akifika amtazame mkewe, maana jino lake halitaki kupona.

Nesi alimkuta Mama Povu amejikunyata.

"Jino la upande gani, mama?"

Mama Povu akauvuta mtandio juu zaidi.

"Nionyeshe."

"Utanicheka."

"Kazini natazama ngozi za watu kutwa nzima. Bado sijacheka hata moja."

Mama Povu akafungua mtandio. Nesi hakuguna wala hakukunja uso. Alilowesha kitambaa safi kwa maji ya baridi, akamwekea mashavuni, akakishikilia hapo kwa muda mrefu. Ni upole ule uliomfanya Mama Povu aseme yote: mzaha, kopo, hata habari ya kola na jua.

Nesi alimsikiliza hadi mwisho. Kisha akamuuliza, "Shati likipakwa dawa ya kung'arisha na kuachwa juani kila siku, mwisho wake nini?"

"Linakuwa jeupe kwanza," Mama Povu alisema. "Halafu uzi unakufa. Ukilivuta kidogo tu, linachanika." Akagusa shavu lake kwa ncha ya kidole.

Nesi akamweleza taratibu. Rangi ya ngozi si uchafu wa kuondolewa. Ndiyo kinga tuliyopewa dhidi ya jua. Mkorogo huikwangua kinga hiyo, na ngozi huwa nyembamba. Jua hupenya na kuunguza. Ngozi hujitetea kwa kutoa rangi zaidi pale palipoumia, na ndiyo maana mabaka hutokea. Tena kopo lisilo na maandishi hakuna ajuaye lina nini. Baadhi ya krimu hizo zimekutwa na dawa kali ambazo ni daktari tu wa kuziandika. Nyingine zimekutwa na zebaki, madini yenye sumu. Sumu hiyo huingia mwilini, ikaharibu figo, na hata kumdhuru mtoto aliye tumboni.

"Usipake tena," Nesi alisema. "Na kesho njoo kliniki pamoja na kopo lenyewe. Usijitibu nyumbani. Ukiacha, uso unaweza kuwaka zaidi kwa siku kadhaa. Hapo ndipo wengi huogopa wakarudi kwenye kopo. Daktari atakusaidia uvuke."

Mama Povu akatazama kamba zake, kumi na mbili, kutoka ukuta hadi ukuta. "Na kazi je? Kamba zangu ziko juani. Nikiacha paa, tumeacha kila kitu."

"Sijakuambia uache kazi. Nimekuambia usigombane na jua likiwa na nguvu."

Jua kali, alisema, ni la kuanzia saa nne asubuhi hadi saa kumi jioni. Aanike kabla ya hapo, aanue baada ya hapo. Avae kofia ya ukingo mpana na mikono mirefu. Ajitengenezee kivuli. Mahali ambapo nguo haifiki, apake losheni ya kukinga jua yenye namba ya kinga, yaani SPF, thelathini au zaidi, na arudie kila baada ya saa mbili, maana jasho huiondoa.

"Hata mtu mweusi?"

"Hata mtu mweusi. Jua huwaumiza upesi zaidi watu weupe, na wenye ualbino ndio zaidi ya wote. Lakini halina mtu linayemruka."

Mwisho Nesi aliuliza kopo limetoka wapi. Mama Povu alisitasita. Muuzaji ni mwanamke mwenye meza ya vipodozi karibu na kituo cha basi, wanamwita Dada Urembo. Si mtu mbaya, alisema. Siku ile alimpa kiti chake na maji ya kunywa.

Nesi alipoondoka na makoti yake, Mama Povu alishuka ngazi akiwa uso wazi. Bwana Pasi aliinua macho, akaganda, pasi ikiwa juu ya shati.

"Nani amekufanya hivi?"

Mkewe akamwambia. Akarudia maneno ya mzaha ule, neno kwa neno, bila hasira. Bwana Pasi alisikiliza mpaka chumba kikajaa harufu ya kuungua. Katika miaka kumi na moja hakuwahi kuunguza nguo. Kwa bahati shati lilikuwa lake mwenyewe.

"Nilikuwa nacheka na watu tu," alisema kwa sauti ndogo.

"Najua. Na mimi nilicheka."

Akaiweka pasi kando. Akatazama tundu lililotokea shatini. "Nisamehe, mke wangu. Na kapu la mchana kuanzia leo nalipandisha mimi."

Akafanya hivyo. Aliposhuka, jasho lilimtiririka hadi viatuni. Alisema kumbe huko juu kuna pasi kubwa kuliko yake, tena haina mpini.

Kesho yake walikwenda kliniki pamoja. Daktari alichukua kopo likapimwe, akatoa dawa ya kupaka, akamtaka Mama Povu arudi kila baada ya wiki mbili. Siku ya tatu uso uliwaka kweli, kama Nesi alivyosema. Mama Povu alitamani kopo jingine. Mumewe alimwekea kitambaa cha baridi, akamwambia avumilie, ajikaze kisabuni, na wote wawili wakacheka, maana kwa madobi neno hilo lina uzito wake.

Walishona mashuka makuukuu manne, wakayafunga kwenye nguzo juu ya nusu ya paa. Kufua walianza mapema zaidi, na saa nne ilikuta kamba zimejaa na Mama Povu yuko chini. Kisha wakaona jambo ambalo hawakulitarajia. Nguo za rangi zilizokauka kivulini kwa upepo hazikupauka. Mteja mmoja aliuliza kama wamebadilisha sabuni.

Majibu ya kopo yalirudi. Zebaki ilikuwamo. Kwa bahati nzuri, figo za Mama Povu zilipopimwa zilikuwa nzima. Mwezi wa tatu wa matibabu uso ulikuwa umetulia. Hauwashi, haubambuki. Mabaka chini ya macho yalikuwa bado yapo, na daktari hakumficha: yatafifia taratibu, mengine huenda yasiishe. Mama Povu alisema uso ni wake na mabaka yake, mradi anaweza kuutoa nje.

Jioni moja alivaa kofia yake pana, akaenda kituo cha basi. Dada Urembo alimpokea kwa furaha, akasema amefika wakati mzuri, amechanganya kopo jipya. Mama Povu akavua kofia, akasogea kwenye mwanga. Akamsimulia yote, na majibu ya kopo.

Dada Urembo alijibu kwamba wateja wengine hawajalalamika. Lakini mikono yake aliiweka chini ya meza. Mama Povu alikuwa ameshaiona: vidole vimepauka, viungo vyake vyeusi kama vimepakwa masizi. Hakumsuta. Alinyoosha mkono chini ya meza, akaushika mmoja wa ile mikono, kama anavyoshika kitambaa chepesi.

"Na wewe inakuwasha?"

Dada Urembo alitazama basi likiondoka. "Usiku," alisema. "Nachanganya kwa mikono mitupu. Mwaka wa nne huu."

"Keshokutwa ni siku yangu ya kliniki. Nitapita hapa saa mbili asubuhi, twende wote."

Dada Urembo aliuvuta mkono wake polepole. Aliyachukua makopo yasiyo na maandishi, moja baada ya jingine, akayashusha ndani ya boksi na kulifunika. Mama Povu alivaa kofia, akaaga. Alikuwa ameshapiga hatua tatu aliposikia akiitwa.

"Keshokutwa naweza kuogopa nikakukatalia," Dada Urembo alisema. "Nikikataa usinikasirikie. Pita tena siku nyingine."